Pingamizi la Mama Mchungaji

Neno lenyewe lilimfikia Mama Mchungaji akiwa na pini nne mdomoni, kwa hiyo hakuweza kulijibu, na labda ndiyo maana lilikaa.

Alikuwa amepiga magoti kwenye sakafu ya chumba chake cha kushonea, akipanga pindo la gauni la Mama Kwaya. Chumba kilikuwa ubavuni mwa nyumba ya kanisa waliyokuwa wakiishi: cherehani dirishani, kabati la vitambaa, kioo kirefu kilichopasuka kona moja. Mama Kwaya alisimama juu ya stuli, akigeuka kidogo kidogo kama alivyoelekezwa. Aliongoza kwaya ya akina mama mwaka wa kumi na mbili sasa, na hata akinong'ona sauti yake ilifika barazani.

"Mimi simo," alianza. "Mwenzangu, nakuapia simo. Nimesikia tu, na kwa kuwa wewe ni mtu wangu nikasema heri ulisikie kutoka kwangu."

Mama Mchungaji alichomeka pini moja. Zikabaki tatu.

"Wanasema mumeo, Kanoni, ana mtu kule parishi ya mlimani, alikoanzia ushemasi. Muuguzi. Na wanasema yupo kijana, mkubwa sasa, masikio ni yale yale ya baba. Eti kila mwaka Pasaka ikipita baba huenda kuwaona. Mimi nikasema, ah, watu hawana kazi. Si ndiyo?"

Alipozitoa pini zote mdomoni, Mama Kwaya alikwishahamia kwenye habari za kola.

Wiki tatu nyuma, sinodi ilikuwa imemchagua mumewe kuwa askofu. Makasisi walipiga kura upande wao, walei upande wao, na raundi ya nne akapata theluthi mbili kila upande. Tangu siku ile watu walianza kumwita mke "Mama Askofu" kabla ya wakati. Waliokuwa hawamsalimii dukani sasa walimbebea kikapu. Yeye alicheka tu na kusema, "Ngojeni kwanza, nguo haijakatwa mnaanza kuivaa." Maana kati ya kura na kuwekwa wakfu kuna tangazo. Kwa kanuni za kanisa lao, karatasi hubandikwa kwenye mlango wa kila kanisa la dayosisi kwa siku kumi na nne: yeyote ajuaye sababu ya haki kwa nini mtu huyu asiwe askofu, na aiseme sasa. Siku hiyo ilikuwa ya sita tangu karatasi ibandikwe.

Pasaka ikipita. Hilo ndilo lililomchoma, kwa sababu lilikuwa kweli. Kila mwaka, juma la pili baada ya Pasaka, Kanoni alifunga mkoba mdogo, akasema anakwenda mafungo, akarudi siku ya tatu amechoka na ametulia. Miaka ishirini na sita ya ndoa, na mke hakuwahi kuuliza mafungo hayo hufanyika wapi.

Sasa akajiuliza.

* * *

Jioni ile Kanoni alirudi na kikaratasi kilichokunjwa mara tatu, chenye picha yake mbele. Kilikuwa wasifu wake, wa kugawiwa siku ya kuwekwa wakfu.

"Kipitie, Mama," alisema, akivua viatu mlangoni. "Wewe una jicho. Kama kuna kosa wakarekebishe kabla hakijachapwa."

Mama Mchungaji alikaa nacho mezani. Maisha yote ya mtu kwenye karatasi moja: mtoto wa mwinjilisti aliyezunguka na vitabu juu ya baiskeli, mwalimu wa shule ya msingi miaka miwili, chuo cha theolojia, shemasi parishi ya mlimani, kasisi, parishi nne, moja akijenga zahanati, nyingine akipatanisha wazee wa kanisa waliokuwa hawaongei, kanoni, katibu wa dayosisi, askofu mteule. Alikisoma kama anavyosoma kitambaa, akitafuta palipovutwa. Na pale kwenye ushemasi akapaona. Parishi ya mlimani, miezi saba. Kisha kituo kilichofuata, ukasisi, kilianza mwaka mmoja na nusu baadaye. Katikati hapakuwa na kitu. Alihesabu kwa vidole, akahesabu tena. Miezi kumi na minane.

Yeye alimfahamu mumewe baada ya hapo. Alipokuja kuposa alikuwa kasisi kijana mwenye vitabu vingi na suruali mbili.

"Umeona kosa?" Kanoni aliuliza kutoka chumbani.

"Sijaona," alisema.

Kesho yake alimwendea Bibi, mama mzazi wa Kanoni, aliyekuwa akiishi nao tangu macho yake yaanze kufifia. Bibi alikaa karibu na dirisha na bati la vifungo mapajani, akivichambua kwa kuvipapasa. Hiyo ilikuwa kazi aliyojipa mwenyewe ili asionekane anakula bure.

"Bibi, mwanao alipotoka parishi ya mlimani alikwenda wapi?"

Vidole vilisimama. "Alikwenda kwenye kazi ya Mungu."

"Kazi ya Mungu ina mahali pake, Bibi."

"Mkwe, mimi ni mzee. Nakumbuka ya utotoni, ya jana, na ya katikati yamepotea." Akashika kifungo, akakirudisha kwenye fungu lisilo lake. "Na wewe, una mume anakwenda kuwa askofu, unatafuta nini kwenye majivu?"

Mama Mchungaji alikiona kifungo kile cheusi katikati ya vyeupe. Bibi hakuwahi kukosea vifungo.

* * *

Mtu akianza kushuku hana tena kazi ndogo. Kufua kunakuwa upelelezi. Siku ya nane alipekua mkoba wa mafungo uliokuwa juu ya kabati. Ndani alikuta tiketi ya basi ya kwenda mjini, ule mji ulio chini ya mlima wenyewe, na vipande viwili vya sabuni ya mche, na pakiti ya nyembe za kunyolea. Pakiti ilikuwa ya nyembe kumi na mbili. Tatu zilibaki.

Mumewe alinyoa kwa mashine. Alimnunulia yeye mwenyewe.

Alikaa kitandani na nyembe zile mkononi. Nani anahitaji nyembe? Kijana aliyeota ndevu. Baba anampelekea mwanawe nyembe na sabuni, kama baba yeyote. Wazo hilo lilimjia bila yeye kulitafuta, na likaenea vizuri mno, kama nguo iliyoshonwa kwa kipimo chake.

Alimngoja amalize chakula cha mchana. Bibi alikuwa amelala. Kanoni alitandaza gazeti sakafuni, akawa anapaka viatu rangi.

"Baba," alisema. "Nataka nikuulize jambo moja, unijibu kama mume wangu, usinijibu kama mchungaji."

"Uliza."

"Ulipotoka kwenye ushemasi, kabla ya ukasisi. Ulikuwa wapi?"

Brashi iliendelea kwenda na kurudi, lakini mahali pamoja. Masikio yake, yale yaliyosimama, yalibadilika rangi.

"Nani amekuuliza?"

"Mimi ndiye nauliza."

Akaweka kiatu chini. Ilionekana anataka kusema, mdomo ulifunguka kabisa. Kisha akaufunga. "Nipe siku hizi chache," alisema. "Nikishawekwa wakfu nitakueleza yote. Siyo sasa, Mama. Nakuomba."

"Kwa nini siyo sasa?"

"Kwa sababu sasa kuna karatasi milangoni."

Hapo ndipo shaka ya mkewe ilipokomaa. Mtu asiye na kitu haogopi karatasi. Alitaka kumwambia, basi nitatafuta kwingine, lakini Bibi alikohoa chumbani, na Kanoni akakiinua kiatu, akaendelea kukipaka kile kile kilichokwisha kung'aa.

* * *

Hofu ya Mama Mchungaji ilikuwa nini hasa? Haikuwa mwanamke tu. Siku ya kuwekwa wakfu, mke wa askofu husimama ubavuni mwa mumewe mbele ya kanisa zima, maaskofu wote wamekaa, na watu elfu wanatazama. Alijiona pale amevaa gauni alilolishona kwa mikono yake, na kwenye kiti cha nyuma kijana mwenye masikio yale amekaa, na kila mtu anajua isipokuwa yeye. Alitaka kujua kabla ya kusimama. Akijua, angeamua.

Akafikiri nani anajua. Makao makuu ya dayosisi kuna kabati la mafaili. Kila kasisi ana faili lake, kila uhamisho umeandikwa. Mwenye ufunguo ni Msajili, mwanasheria wa dayosisi, mtu mpole asiyependa mazungumzo.

Siku ya kumi na moja alikaa mezani na karatasi yenye mistari. Shule alikuwa ameishia la saba, lakini mwandiko wake ulikuwa ukisifiwa, na hakusahau alichofundishwa: barua iwe na tarehe, iwe na jambo lake juu, na chini iwe na jina na saini, kwa kuwa barua isiyo na jina huandikwa na mwoga. Akaandika:

"Kwa Msajili. Yahusu: Kuuliza habari za mume wangu. Mimi ni mke wa askofu mteule. Nimesikia maneno juu ya muuguzi na kijana huko parishi ya mlimani. Kwenye karatasi ya maisha yake sioni miezi kumi na minane. Naomba, kama ofisi ina faili lake, nijulishwe alikuwa wapi, kabla sijasimama naye kanisani. Asante."

Akatia jina lake kamili, akatia saini.

Binti yao, aliyekuwa likizo kutoka chuo cha ualimu, alimkuta akilamba bahasha. "Mama, unamwandikia nani?"

"Ofisi ya dayosisi."

"Baba yuko ofisi hiyo hiyo kila siku. Si umpe akupelekee?"

"Hii haiendi kwa baba yako."

Binti alimtazama. "Mama, mimi sijui unafanya nini, ila ungemuuliza baba."

"Nimemuuliza," alisema, akajitanda kitenge, akatoka.

Karani wa mapokezi aliichukua barua, akaigonga muhuri, akaandika namba kwenye daftari kubwa. "Imepokelewa, Mama Askofu," alisema kwa adabu. Mama Mchungaji alirudi nyumbani na hatua nyepesi. Alijiona ametenda jambo kwa utaratibu, bila kelele, bila kumwaibisha mtu.

* * *

Siku mbili baadaye waliitwa wote wawili.

Ofisi ya Msajili ilikuwa na meza, viti vitatu, na feni isiyozunguka. Kanoni hakujua ameitiwa nini. Njiani alikuwa akitania kwamba labda wanataka kumpima kichwa kwa ajili ya kofia. Msajili hakucheka. Aliweka barua mezani, akaigeuza ielekee kwa Kanoni.

"Hadi leo, siku ya kumi na tatu," alisema, "nimepokea pingamizi moja. Ni wajibu wangu kukuonyesha."

"Pingamizi?" Mama Mchungaji aliinuka nusu. "Hiyo siyo pingamizi. Hiyo ni yangu. Nilikuwa nauliza."

"Naelewa, Mama."

"Nimeandika juu kabisa. Kuuliza habari."

"Mama." Msajili alivua miwani. "Mimi si mchungaji, mimi ni mwanasheria. Kanuni inasema barua yoyote juu ya askofu mteule, yenye jina na saini, ikifika ofisini kabla ya siku kumi na nne kwisha, ni pingamizi. Haisemi iwe na kichwa gani. Maneno ya barabarani tumeyasikia hata sisi, tangu wiki ya kwanza. Hayana saini. Sheria haiyaoni. Lako lina saini."

"Basi naichukua. Nipe nikaichane."

"Haichukuliki. Zamani ziliwahi kuchukuliwa. Watu wakatembelewa nyumbani mpaka wakaziondoa. Maaskofu wakaweka kanuni kwamba ikishagongwa muhuri, lazima ichunguzwe."

Kanoni alikuwa bado anasoma. Barua ilikuwa fupi, lakini aliisoma kwa muda mrefu. Alipomaliza aliikunja pale pale ilipokuwa imekunjwa.

"Mwandiko wako umenyooka sana," alimwambia mkewe.

Ndicho alichosema tu, mpaka nyumbani.

* * *

Aliyaeleza yote mezani, mchana kweupe, mbele ya mama yake na binti yake, kwa kuwa, alisema, sasa yatasemwa mbele ya watu wengi zaidi.

Alikuwa shemasi wa miezi saba. Jumapili moja, wakati wa ushirika, alikuwa akipitisha kikombe kwenye safu ya waumini waliopiga magoti. Alipofika katikati mikono ikagoma. Alikishika kikombe, mama mmoja amefungua mdomo anangoja, na yeye hawezi kukiteremsha wala kukiachia. Alikuwa akisikia sauti zikimwambia akikiachia dunia itamwagika. Watu wakangoja. Wakaanza kunyanyuka. Wazee wawili wa kanisa walimbandua vidole kutoka kwenye kikombe, kimoja kimoja. Mchana ule alipelekwa hospitali ya wagonjwa wa akili, chini ya mlima, na akakaa miezi kumi na minane.

"Yule muuguzi," alisema, "alinilisha kwa kijiko miezi miwili. Baadaye alinifundisha kunyoa wenzangu, ili mikono izoee tena kushika kitu na kukiachia. Kila mwaka nakwenda kuwanyoa waliomo. Nikinyoa watu thelathini bila kumkata mtu, najua mwaka mwingine nitashika kikombe."

Mama Mchungaji alizikumbuka nyembe. Hakuna aliyemwangalia.

"Kwa nini hukuniambia?"

"Baba yako aliuliza siku ya posa. Aliuliza kama kwetu kuna ugonjwa wa kichwa. Mama yangu akasema hakuna. Nikanyamaza." Akamtazama Bibi, ambaye alikuwa amejifunika uso kwa kanga. "Ukishanyamaza mwaka wa kwanza, wa pili ni mgumu zaidi. Nilitaka nikuambie nikiwa nimeshafika mahali ambapo hawawezi kunirudisha. Nilikosea. Lakini wewe, Mama, kati ya watu wote, ulimwuliza Msajili."

"Nilikuuliza wewe kwanza."

"Ndiyo," alisema. "Ulinipa mchana mmoja."

Bibi alitoa kanga usoni. "Mkwe," alisema, "mwanangu nimemfunika miaka thelathini. Umemvua nguo kwa barua moja." Na binti, aliyekuwa amesoma mambo ya malezi chuoni na alikuwa na jibu kwa kila kitu, alisimama akaenda kuosha vyombo vilivyokuwa safi.

* * *

Maaskofu watatu walikaa kusikiliza, kwenye ukumbi mdogo nyuma ya kanisa kuu. Utaratibu ulitaka aliyeleta pingamizi alisome mwenyewe. Mama Mchungaji alisimama akaisoma barua yake, kuanzia tarehe mpaka asante.

"Una shahidi?" aliulizwa.

Alikuwa amemwendea Mama Kwaya siku iliyotangulia. Mama Kwaya alimkaribisha mlangoni bila kumwingiza ndani. "Mimi?" alisema. "Mwenzangu, mimi nilikuuliza tu kama ni kweli. Sikukwambia ni kweli. Nilikwambia simo, ulisahau?" Na kwa kweli alikuwa amesema hivyo.

"Sina shahidi," alijibu.

Muuguzi aliletwa kwa gari la dayosisi. Alikuwa mwanamke mzee mnene, anayetembelea fimbo, na alipoingia alitafuta kwa macho. "Mke ni yupi?" aliuliza. Alipoonyeshwa, alimtazama juu mpaka chini bila uadui. "Mashati yale ya kola imara ni wewe unayashona? Huwa anamletea mume wangu moja kila mwaka."

Askofu wa katikati alikohoa. "Mama, kuna habari za kijana."

"Ninao watatu. Unamtaka yupi?"

"Mwenye masikio," alisema askofu, na aliona haya kulisema.

"Huyo ni wa mwisho. Baba yake ni dereva wa gari la wagonjwa, yupo pale nje amekaa ndani ya gari, ndiye aliyenisindikiza. Nendeni mkamtazame masikio. Mkitaka nimwite avue kofia."

Askofu mmoja aliinama kuficha kicheko. Kanoni hakucheka. Aliitwa, akaulizwa juu ya ugonjwa, akajibu yote: jina la ugonjwa, dawa, lini aliacha dawa na kwa ruhusa ya nani. Alitoa kadi ya hospitali iliyochakaa. Mara mbili walimwuliza kama husikia sauti hadi leo, na mara ya pili alisema, "Baba Askofu, leo nasikia yako tu." Mikono yake ilikuwa juu ya magoti, wazi, kila mtu aione.

Pingamizi lilitupiliwa mbali. Lakini kanuni ile ile iliyotaka lichunguzwe ilitaka majibu yasomwe palepale tangazo lilipobandikwa. Jumapili iliyofuata, katika kila kanisa la dayosisi, kubwa na dogo, kabla ya mahubiri, ilisomwa: kwamba pingamizi moja lilipokelewa, kwamba lililetwa na mke wa askofu mteule, kwamba habari za mwanamke na mtoto hazikuwa na ukweli, kwamba askofu mteule aliwahi kuugua akili na kutibiwa, na hilo si kizuizi.

Mama Mchungaji alikuwa kwenye safu yake ya mbele. Hakugeuka. Alisikia mabenchi yakilia nyuma yake watu walipojisogeza wamwone. Kwenye kwaya, Mama Kwaya alikuwa amefungua kitabu cha nyimbo na kukisoma kwa bidii, kama mtu aliyekutana na wimbo huo mara ya kwanza.

* * *

Akawekwa wakfu. Askofu mkuu alipowauliza watu kama ni mapenzi yao mtu huyu awe askofu wao, waliitikia kwa sauti iliyotikisa madirisha, kubwa kuliko ilivyozoeleka, na wengine walikuwa wakilia. Mkewe alisimama ubavuni mwake kwenye gauni alilolishona, akaitikia pia. Alikuwa karibu sana naye, na hakujua kama alisikika.

Alikuwa askofu mwema kwa miaka kumi na mmoja. Wale waliosikia habari zake zikisomwa kanisani walianza kumletea watu wao waliokuwa wamefichwa vyumba vya nyuma: kaka, shangazi, mabinti. Alifungua nyumba mbili za kuwatunza. Kila parishi aliyotembelea, baada ya ibada, alivua mavazi, akakunja mikono ya shati, akaomba maji na sabuni, akawanyoa wagonjwa. Walimpenda kwa hilo kuliko kwa mahubiri. Watu walimwambia mkewe, "Mama Askofu, ile barua yako Mungu aliitumia." Huenda walisema kweli. Yeye alijibu asante, akabadili mazungumzo.

Mke alimwomba msamaha, si mara moja. Na Askofu alimsamehe mara ya kwanza ile ile, akamwomba na yeye msamaha kwa kunyamaza, wakapeana mikono, Bibi akawaombea. Hakuna siku aliyolirudia jambo lile. Hakumnyima kitu, hakumpandishia sauti.

Ila tangu wahamie nyumba ya askofu alianza mtindo mmoja. Kila asubuhi, kabla ya chai, aliacha karatasi mezani upande wa mkewe. Imeandikwa anakwenda wapi, anasafiri na nani, atakula kwa nani, atarudi saa ngapi, na namba ya simu ya mwenyeji. Akirudi alikaa kitini na kumweleza siku nzima, saa kwa saa, bila kuruka.

Mwaka wa kwanza mke alivumilia. Mwaka wa pili alimwambia, "Baba, acha kuniandikia. Mimi sikuulizi."

"Ni vizuri ujue," alisema.

"Nakuamini."

"Asante," alisema kwa upole, upole wa mtu anayejibu ofisini, na kesho yake karatasi ilikuwepo.

Iliendelea kuwepo mpaka alipostaafu. Mama huyu hakujua tena mumewe anafikiri nini akinyamaza, kwa kuwa hakunyamaza tena mbele yake. Alipewa kila kitu isipokuwa yale mazungumzo ya ovyo ya mtu aliyevua viatu mlangoni na hana hesabu ya kutoa.

Kwa wanawake wenzangu, na waume pia watakaosomewa, haya ndiyo ya kuepuka:

Epuka habari inayoanza na "mimi simo."

Epuka kuuliza swali la ndoa kwenye ofisi yoyote, hata kama mwenye ofisi ni mtu mwema.

Epuka kupeleka barua kabla hujauliza ikifika itaitwa nini.

Epuka kupekua. Utapata kitu, na utakipa maana uliyokwenda nayo.

Epuka kumdanganya mkwe siku ya posa juu ya ugonjwa. Sema ukweli, asiyetaka aondoke.

Mume, epuka kusema "nitakueleza baadaye." Mke, epuka kumpa mchana mmoja tu.

Epuka kumficha mgonjwa.

Epuka kudhani aliyekusamehe amerudi.